Aliyeijenga Upya Nairobi ya Kale

Wengi walioitazama filamu ya Out of Africa, iliyotolewa mwaka 1985, huwataja Meryl Streep na Robert Redford, na wachache humtaja mwongozaji wake, Sydney Pollack. Stephen Grimes hatajwi. Ndiye ninayetaka kumweleza leo, kwani ndiye aliyetuonyesha Nairobi ambayo wenyeji wake walikuwa wameshaibomoa.

Bwana huyu alizaliwa Weybridge, katika jimbo la Surrey, Uingereza, mwaka 1927. Kazi yake ilikuwa usanifu wa mandhari ya filamu, yaani kuisoma hadithi kabla kamera haijafika, kuichora picha baada ya picha, kuchagua mahali, kujenga nyumba na kuamua hata kiti gani kikae barazani. Sisi watu wa Pwani twamjua mtu wa namna hii. Mpita njia huusifu mlango wa nakshi, akamsifu na mwenye nyumba, wala jina la fundi haliulizi.

Mkono wake ulipevuka chini ya John Huston, tangu filamu ya Moby Dick ya mwaka 1956. Kisha David Lean akamtaka amjengee kijiji kizima katika pwani ya magharibi ya Ireland kwa ajili ya Ryan's Daughter, ya mwaka 1970. Akakijenga kwa mawe, maana tufani za huko si za mchezo. Filamu ilipokwisha, kijiji kikavunjwa.

Kenya alitakiwa aonyeshe Nairobi ya mwaka 1913. Angeipata wapi? Katikati ya jiji KICC lilikuwa limesimama tangu 1973, na Government Road imekwisha kuwa Moi Avenue. Basi akautoka mji, akaenda Lang'ata, akaijenga upya. Jumba la gavana hakulijenga: alilipata tayari katika jengo la utawala la Nairobi School, kando ya Waiyaki Way. Ama nyumba ya Karen Blixen, iliyopigwa picha si ile ambayo leo ni makumbusho, bali ile ya jirani aliyoishi kwanza. Makumbusho yalipofunguliwa mwaka 1986, baadhi ya vyombo vya filamu viliwekwa humo, hata mgeni asipouliza hajui kipi kilikuwa cha bibi huyo na kipi cha Grimes. Na ile Denmark ya kwenye filamu? Ni Surrey, jimbo alikozaliwa!

Nina dai moja, nalo ni juu ya hadithi, si juu yake. Bibi huyo aliolewa Mombasa, tarehe 14 Januari 1914. Filamu ikaihamishia harusi Nairobi. Laiti wangeiacha kwetu, Grimes asingepigilia hata msumari, kwani Mji wa Kale na milango yake ulikuwapo pale pale ukimngoja.

Tuzo ya Oscar aliikosa kwa The Night of the Iguana, akaikosa tena kwa The Way We Were. Machi 1986 aliipata kwa Nairobi yake ya Lang'ata, pamoja na Josie MacAvin, mpambaji wa vyumba kutoka Ireland. Mwaka 1987 alifanya kazi katika The Dead, filamu ya mwisho ya Huston, na Septemba 1988 akafariki huko Positano, Italia, akiwa na umri wa miaka 61.