Sayyid Barghash na Maji ya Mfereji

Likizo iliyopita nilikaa kwa bibi yangu Makambako. Uani pake pana bomba, naye hulitumia kwa kufulia na kunyweshea ng'ombe; lakini maji ya kunywa huyafuata kisimani, kwani asema ya bomba yana ladha ya chuma. Nilimcheka. Niliporudi shuleni hapa Njombe nikasoma maisha ya Sayyid Barghash bin Said, mfalme wa Unguja, nikaona kumbe bibi hayuko peke yake katika kuchagua.

Mwaka 1859 Barghash alijaribu kumpokonya ufalme ndugu yake Majid. Akashindwa, akapelekwa uhamishoni Bombay, mji ambao tangu 1853 ulikuwa na gari la moshi. Alitawazwa mwaka 1870. Mwaka 1872 tufani iling'oa mikarafuu na kuvunja vyombo bandarini, na mwaka 1873 Waingereza wakamlazimisha kufunga soko la watumwa. Hakulifunga kwa hiari yake, wala haifai kuficha kwamba utajiri wa Unguja ulitokana na jasho la watumwa.

Baada ya hapo alinunua merikebu za moshi. Mwaka 1879 waya wa simu ulifika Unguja kutoka Aden, umelazwa chini ya bahari. Maji ya chemchemi ya kaskazini yakaletwa mjini kwa mabomba, na mwaka 1883 likasimama jumba la Beit al-Ajaib.

Lakini lililonishangaza zaidi ni mtambo wake wa kupiga chapa. Mimi ningalidhani mashine ya Ulaya itachapa mambo ya Ulaya. Sivyo! Barghash, aliyekuwa Mwibadhi wa kweli, aliutumia kuchapa vitabu vikubwa vya sheria na dini ya wazee wake, ambavyo kabla ya hapo vilinakiliwa kwa mkono.

Mitambo hiyo haikumwokoa. Mwaka 1885 manowari za Wajerumani zilitia nanga mbele ya jumba lake, na mwaka 1886 Waingereza na Wajerumani wakapatana wenyewe kwa wenyewe, wakamwachia visiwa, ukanda wa pwani wenye upana wa maili 10 na miji michache ya kaskazini. Alifariki Machi 1888.

Mpaka leo watu wa Unguja huliita bomba mfereji. Likizo ijayo nitamsimulia bibi habari hizi, nikiwa nimembebea ndoo yake kutoka kisimani.