Pedro Armendáriz

Pedro Armendáriz (Mexico City, 9 Mei 1912 – Los Angeles, 18 Juni 1963) alikuwa mwigizaji wa filamu kutoka nchini Meksiko. Anahesabiwa kati ya nyota wakubwa wa sinema ya nchi hiyo katika miaka ya 1940 na 1950.

Maisha ya awali

Baba yake alikuwa Mmeksiko na mama yake Mmarekani. Alisoma Texas, kisha California, ambako alijifunza uhandisi. Hivyo alizungumza Kihispania na Kiingereza kwa ufasaha, jambo lililomfaa sana baadaye. Aliingia katika filamu mwaka 1935.

Filamu

Jina lake lilikua hasa alipofanya kazi na mwongozaji Emilio Fernández na mpiga picha Gabriel Figueroa. Aliigiza pamoja na Dolores del Río katika Flor silvestre, halafu María Candelaria, iliyopata tuzo kuu ya tamasha la Cannes mwaka 1946 pamoja na filamu nyingine kadhaa. Katika Enamorada (1946) yeye ni jenerali wa mapinduzi anayeuteka mji wa Cholula, kisha anatekwa mwenyewe na mapenzi ya binti wa tajiri, aliyeigizwa na María Félix. Katika La perla, iliyotokana na hadithi ya John Steinbeck, ni mvuvi maskini aliyeokota lulu kubwa, na lulu hiyo ikamletea balaa tupu. Kazi hiyo ilimpatia tuzo ya Ariel ya mwigizaji bora.

John Ford alimwita Hollywood akamtumia katika filamu tatu, zikiwemo Fort Apache na 3 Godfathers, zote za mwaka 1948. Lakini huko mara nyingi alipewa nafasi za pili, wakati kwao alikuwa mhusika mkuu. Anayetaka kumfahamu vizuri afadhali aanze na filamu zake za Kihispania.

Ugonjwa na kifo

Mwaka 1954 alishiriki katika The Conqueror, iliyopigwa jangwani Utah, upande ulikopeperushiwa vumbi la majaribio ya mabomu ya nyuklia ya Nevada. Baadaye wengi wa waliokuwepo walipata saratani, akiwemo John Wayne. Uhusiano wa mambo hayo haujathibitishwa, na wengine kati yao walikuwa wavutaji wakubwa wa sigara.

Mwaka 1963, akiwa Istanbul kwa filamu ya James Bond iitwayo From Russia with Love, aligundulika kuwa na saratani isiyotibika. Hakuacha kazi, kwa kuwa alitaka kumwachia mke wake fedha. Mwongozaji Terence Young alibadili ratiba ili sehemu zake zipigwe kwanza huko Uingereza. Anaonekana akichechemea katika baadhi ya picha, naye mtazamaji asiyejua hudhani ni maigizo. Muda mfupi baadaye alijiua hospitalini Los Angeles, akiwa na umri wa miaka 51. Filamu ilitoka Oktoba mwaka huohuo.

Mwanawe, Pedro Armendáriz Mdogo, pia alikuwa mwigizaji, naye alicheza katika filamu ya James Bond ya mwaka 1989, Licence to Kill.