Franz Waxman: Mtunzi Aliyeipa Hofu Sauti

Sisi tunaoimba kwaya tunawafahamu watunzi wengi wa nyimbo za ibada. Watunzi wa muziki wa filamu hatuwajui hata kwa majina, ingawa kazi zao zimetusisimua mara nyingi. Leo, wapendwa wasomaji, tumtazame mmoja wao: Franz Waxman, Mjerumani wa familia ya Kiyahudi.

Alizaliwa tarehe 24 Desemba 1906 huko Königshütte, mji ambao leo uko Poland. Akiwa na miaka mitatu alimwagikiwa maji ya moto machoni, akabaki na uoni hafifu. Akiwa kijana aliajiriwa benki, na mshahara wake akaulipia masomo ya piano na utunzi. Hatimaye aliacha kazi hiyo, akaenda Dresden, kisha Berlin, ambako alijikimu kwa kupiga piano katika bendi ya jazi. Filamu zikamfungulia mlango.

Mwaka 1934 wafuasi wa Hitler walimpiga barabarani mjini Berlin. Alikimbilia Paris, na baadaye akafika Marekani.

Huko Hollywood alipata sifa hasa kwa filamu za uhalifu na mashaka. Katika Rebecca ya mwaka 1940, iliyoongozwa na Alfred Hitchcock, mwanamke anayebeba jina la filamu amekwisha kufa na haonekani hata mara moja. Muziki wa Waxman ndio unaotufanya tuhisi kwamba bado yumo nyumbani. Alipata tuzo ya Oscar kwa Sunset Boulevard ya 1950, na mwaka uliofuata akaipata tena kwa A Place in the Sun. Zote mbili ni hadithi za watu wanaoangamizwa na tamaa.

Heshima hiyo haikumfunga mdomo. Mwaka 1954 alijiuzulu uanachama wa chama kinachotoa Oscar, kwa sababu muziki wa Alfred Newman katika The Robe, filamu inayohusu vazi la Kristo, haukuteuliwa kushindania tuzo. Aliyenyimwa haki alikuwa mwenzake, ambaye pia alikuwa mshindani wake.

Mwaka 1959 alitunga muziki wa The Nun's Story, filamu ya mtawa Mbelgiji anayekwenda kuhudumu Kongo, ambayo sehemu yake ilipigwa Stanleyville, yaani Kisangani ya leo. Humo alitumia nyimbo za Kigregoriani, zile zile tunazojifunza seminarini. Mtawa anapoacha utawa na kutoka mlangoni, hakuna muziki kabisa. Mwongozaji Fred Zinnemann alitaka kimya, ili kila mtazamaji aamue mwenyewe.

Karibu na mwisho wa maisha yake, Waxman aliandika kazi isiyohusu filamu: The Song of Terezín, ya kwaya na okestra. Maneno yake ni mashairi ya watoto Wayahudi waliofungwa na Wanazi huko Terezín, ambao wengi wao waliuawa. Alifariki Los Angeles tarehe 24 Februari 1967, akiwa na miaka 60.

Mtu aliyewahi kupigwa anaweza kuutumia uchungu wake kulipiza kisasi. Waxman aliutumia kuwaimbisha watoto walionyamazishwa. Nasi tunaojiandaa kuhudumia watu wenye majeraha tuna la kujifunza kwake.