THALES, MZEE ALIYEPIMA PIRAMIDI KWA KIVULI

Kila mara mwalimu wa Hesabu anapoandika neno UWIANO ubaoni, kuna wenzetu wanaoguna kule nyuma. Eti uwiano utatusaidia nini huku Eastlands? Hebu basi niwasimulie habari za mzee mmoja ambaye naye alisumbuliwa na maswali ya namna hiyo, zaidi ya miaka 2500 iliyopita.

Jina lake Thales. Alizaliwa yapata mwaka wa 624 kabla ya Kristo (K.K.) huko Miletus, mji wa Wayunani uliokuwa pwani ya nchi ambayo leo ni Uturuki. Alipenda mno kutazama nyota, hata inasemekana usiku mmoja alitumbukia kisimani macho yakiwa juu, kijakazi akamcheka. Watu walimsema pia kwa umaskini wake: elimu tele, mfuko mtupu! Basi alipotambua kwamba mizeituni itazaa sana, alikodi vinu vyote vya kukamulia mafuta wakati wa baridi, bei ikiwa ya kutupa. Msimu ulipofika kila mtu alimjia yeye, naye akawatoza alivyotaka.

Lakini sifa yake kubwa ni ya kule Misri. Piramidi Kuu ya Giza ilikuwa na umri wa karibu miaka 2000 hata wakati huo. Ilijengwa ikiwa na kimo cha mita 146 hivi. Jumba letu la KICC lina 105. Nani angepanda na kamba? Thales alisimamisha fimbo mchangani, akatazama vivuli. Jua ni moja, na miale yake huiangukia fimbo na piramidi kwa mshazari ule ule. Kivuli cha fimbo kikiwa mara mbili ya fimbo, cha piramidi nacho ni mara mbili ya kimo chake. Ila kuna mtego. Piramidi ni pana, kila upande mita 230, na sehemu ya kivuli imefichwa tumboni mwake. Jua likielekea upande mmoja sawasawa, lazima uongeze mita 115 kwenye kivuli kinachoonekana nje.

Wengi husema yeye ndiye aliyeanzisha hesabu hizi. Mimi nasita. Mmisri Ahmes alinakili hesabu za mteremko wa piramidi yapata 1550 K.K., karibu miaka 1000 kabla ya Thales. Alikuja Afrika kama mwanafunzi, tena hodari.

Na hapa kwetu? Tuseme fimbo ya mita 1 ina kivuli cha mita 1.5, na ghorofa fulani ya Umoja ina kivuli cha mita 27. Gawa 27 kwa 1.5, unapata mita 18, bila ngazi wala kumbembeleza mwenye ploti! Shida ni kwamba magorofa yetu yamebanana, kivuli cha moja hupanda ukuta wa jirani; afadhali mlingoti wa bendera, au ghorofa iliyo kando ya uwanja. Tena msitoke saa sita mchana. Nairobi iko karibu na ikweta, na miezi ya Machi na Septemba jua huwa utosini, kivuli kikajificha miguuni. Lakini katika miezi hiyo hiyo, saa tatu na nusu asubuhi kivuli hukaribia kulingana na kimo cha kitu chenyewe, hata kugawa hamna haja.

Thales alifariki yapata 546 K.K., mzee sana. Inasemekana alikuwa akitazama michezo, joto na kiu vikamzidi.