Bertillon, Aliyeyatia Maradhi Nambari

Chai tunayokunywa asubuhi huku pwani aghalabu imechumwa Kericho na Bomet, kisha ikateremshwa kwa malori hadi mnadani Mombasa. Mpwa wangu alikuwa katika kazi hiyo ya malori. Siku moja gari lilipinduka, akavunjika paja, akatiwa chuma ndani ya mfupa katika hospitali moja ya huko bara. Miezi ikapita, mfupa haukuunga, na chuma chenyewe kikakatika. Nilipokwenda kumtazama niliomba tuonyeshwe faili lake. Mlikuwa mmeandikwa kwamba paja limevunjika, basi. Habari ya chuma kukatika haikuwamo.

Karani wa mafaili, kijana wa Kikipsigis mwenye adabu, aliniamkia shikamoo na kunieleza kwamba jambo hilo lina nambari yake. Katika orodha ya kumi ya maradhi ya kimataifa, chuma kilichoungia mfupa wa mkono au mguu kikivunjika, kikilegea au kikihama mahali pake, huandikwa T84.1. Kikiwa ni kiungo cha bandia, mathalan nyonga, ni T84.0. Ikiwa balaa si kuvunjika bali ni usaha uliosababishwa na chuma, nambari ni nyingine, T84.6. Nikamwuliza ni nani aliyeanza kuyapanga maradhi namna hiyo. Hakumjua. Nikarudi Mombasa na swali hilo hata nikampata mwenyewe.

Jina lake ni Jacques Bertillon, Mfaransa, aliyezaliwa Paris mwaka 1851. Hesabu ya watu ilikuwa kazi ya ukoo wao. Babu yake mzaa mama, Achille Guillard, ndiye aliyeipa elimu hiyo jina lake katika Kifaransa, na baba yake alikuwa daktari aliyeacha dawa akashika takwimu. Mdogo wake, Alphonse, alipata sifa kwa kupima miili ya wahalifu ili polisi wawatambue. Jacques naye alisomea udaktari, lakini mwaka 1883 akashika nafasi ya baba yake katika ofisi ya takwimu ya mji wa Paris. Huko alipokea kila siku habari za waliokufa, na humo ndimo alimoona fujo: daktari huyu aliandika hivi, yule vile, na ugonjwa mmoja ukawa na majina matatu.

Mwaka 1891, wanatakwimu wa mataifa walipokutana Vienna, walimweka kiongozi wa kamati ya kutunga orodha moja. Mwaka 1893 aliwaletea orodha hiyo huko Chicago, wakaikubali. Bertillon hakudai kwamba kila kitu ni chake. Alifuata njia ya Mwingereza William Farr, ya kutenga maradhi ya mwili mzima na yale ya kiungo kimoja. Mwaka 1898 wataalamu wa afya wa Marekani, Kanada na Meksiko walishauri orodha itumiwe na isahihishwe kila miaka kumi. Basi mwaka 1900 wajumbe wa nchi 26 walikusanyika Paris, wakapitisha mafungu 179. Mikutano ya 1909 na 1920 ilifuata, naye akiwa nguzo yake.

Hakuwa mtu asiye na upande. Aliogopa kwamba Wafaransa wanapungua, na mwaka 1896 alianzisha chama cha kuwahimiza wazae, akawapigia kelele miaka mingi. Alifariki mwaka 1922.

Orodha yake ilikuwa hasa ya vifo. Vyuma vya mpwa wangu hakuviota: Mjerumani Gerhard Küntscher alitangaza msumari wake wa kupigilia ndani ya mfupa mwaka 1940. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani lilichukua orodha, na chapa ya sita ikaingiza pia wagonjwa na majeruhi walio hai. Ya kumi ilipitishwa mwaka 1990. Ya 11 ilianza kutumika 2022, na nambari zake ni nyingine, lakini mzizi ni ule ule.

Msomaji atauliza, nambari yamfaa nini mwenye mguu uliovunjika? Wazee wetu walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Vyuma vya wachumaji chai kumi vikikatika, na wote wakaandikwa kuwa wamevunjika paja, hatajua mtu kama ubovu ni wa chuma, ni wa mkono uliokitia, au ni wa mgonjwa aliyerudi shambani kabla ya wakati kwa kuwa watoto wanataka kula. Wa kumi na moja atatiwa chuma kile kile.

Sisi tuliosoma chuoni tulifunzwa mapema kwamba kila mja ana waandishi wawili, na kwamba hakuna dogo linaloachwa. Bertillon hakuwa wa dini yetu, lakini katika hilo la kutoacha kitu alitufanyia jambo.

Karani alimwita daktari, faili likasahihishwa. Mpwa wangu aliniuliza, kwa kejeli kidogo, kama nambari itamponya mjomba akiisoma vizuri. Nilimjibu kwamba la, yeye ataponywa na Mola kwa mkono wa mpasuaji, na nambari ni ya yule atakayelala kitanda hicho baada yake. Alipasuliwa mara ya pili, akatiwa chuma kingine. Sasa anatembea kwa mkongojo, na alhamdulillahi, mfupa umeanza kuunga.