Beryl Markham: Rubani maarufu aliyeishi kwa kufundisha farasi

DUNIA inamkumbuka Beryl Markham kuwa rubani aliyevuka Bahari ya Atlantiki peke yake mwaka 1936. Hata hivyo, kazi iliyomlisha tangu ujana wake hadi uzeeni ilikuwa kufundisha farasi wa mbio nchini Kenya.

Mwanamama huyo alizaliwa Oktoba 26, 1902 katika kijiji cha Ashwell, Uingereza. Akiwa bado mtoto mdogo alihamia Kenya, ambako baba yake, Charles Clutterbuck, alianzisha shamba na mazizi ya farasi huko Njoro, katika Bonde la Ufa.

Mama yake hakuyamudu maisha ya shamba, akarejea Uingereza. Binti alibaki na baba, akakua akizungumza Kiswahili na kuwinda pamoja na watoto wa wafanyakazi wa shamba. Rafiki yake mkubwa alikuwa kijana aliyeitwa Kibii, ambaye baada ya jando alijulikana kwa jina la arap Ruta.

Baada ya Vita Kuu ya Kwanza, neema iliondoka Njoro. Clutterbuck alikuwa amefunga mikataba ya kuuza unga kwa bei iliyopangwa mapema. Ukame ulipopandisha bei ya nafaka, alitimiza ahadi kwa hasara, akafilisika na kwenda Peru.

Beryl hakumfuata. Akiwa na umri wa miaka 18 hivi alipata leseni ya kufundisha farasi wa mbio, akawa mwanamke wa kwanza kuipata nchini humo. Alianza kazi Molo, na arap Ruta akaungana naye akiwa saisi wake mkuu.

Jaribio kubwa lilikuja mwaka 1926. Kwa mujibu wa kumbukumbu zake, farasi aliyemtegemea kwa mashindano ya St Leger jijini Nairobi alihamishwa na mmiliki wake kwenda kwa mkufunzi mwingine, zikiwa zimebaki wiki 12 tu.

Mahali pake aliletwa Wise Child, farasi jike mwenye mbio lakini aliyeharibika kano za miguu. Beryl na arap Ruta walimuuguza kwa uangalifu, wakimpa mazoezi kwa kipimo ili miguu isivunjike kabla ya siku yenyewe. Wise Child alishinda, akimwacha nyuma yule aliyehamishwa.

Katika Kenya ya kikoloni, sifa za ushindi zilikwenda kwa mmiliki na mwenye leseni. Saisi aliyekesha zizini hakutajwa. Beryl hakuificha sehemu ya arap Ruta. Alimwandika kwa heshima katika kitabu chake, West with the Night, kilichotoka mwaka 1942.

Alijifunza urubani mwaka 1931. Septemba 1936 aliondoka Abingdon, Uingereza, na baada ya zaidi ya saa 20 angani ndege yake iliishiwa nguvu na kutua kwa kishindo kwenye matope ya Cape Breton, Kanada. Alikuwa mwanamke wa kwanza kuvuka bahari hiyo peke yake kutoka mashariki kwenda magharibi bila kusimama.

Umaarufu huo haukumpa utajiri. Baada ya miaka kadhaa Marekani alirudi Kenya na kushika tena hatamu. Ni katika kipindi hicho alipofikia kilele cha kazi yake, akawa miongoni mwa wakufunzi walioongoza nchini na kushinda Derby ya huko mara 6.

Uzeeni aliishi kwa shida katika nyumba ndogo kwenye uwanja wa mbio wa Ngong, Nairobi, hadi kitabu chake kilichosahaulika kilipochapishwa upya mwaka 1983 na kumpatia kipato.

Alifariki dunia jijini Nairobi Agosti 3, 1986, akiwa na umri wa miaka 83. Wengi nje ya Afrika walimlilia rubani. Ngong walimlilia mkufunzi wao.