Maurice Turnbull, Mwanamichezo wa Ridhaa

Wengi wetu tumekulia kwenye kabumbu, na kriketi tunaiona kwa mbali tu. Hata hivyo leo tunamleta kwenu mlei mmoja wa Wales ambaye kriketi na raga vilimchukulia sehemu kubwa ya maisha yake, kwa sababu tunadhani waseminari wanaocheza na wale wanaokaa pembeni watapata cha kuzungumza wakati wa chakula cha jioni.

Maurice Joseph Lawson Turnbull alizaliwa Cardiff tarehe 16 Machi 1906, katika ukoo wa wenye meli. Michezo aliikuta nyumbani. Baba yake, Philip, alikuwa katika timu ya hoki ya Wales iliyopata medali ya shaba kwenye Olimpiki ya London mwaka 1908. Maurice alipelekwa Downside, shule ya watawa Wabenediktini, wana wa baba yule yule Benedikto tunaowajua huku kwetu kwa Peramiho na Ndanda. Akiwa bado mwanafunzi huko, mwaka 1924, alichezea Glamorgan, timu ya kaunti yake, dhidi ya watu wazima. Baadaye akaenda Chuo Kikuu cha Cambridge, ambako mwaka 1929 alikuwa nahodha wa kriketi.

Hapa inabidi tueleze jambo moja. Enzi zile kriketi ya Uingereza iligawa wachezaji mafungu mawili. Wa ridhaa, waliocheza bila mshahara, waliitwa mabwana, na nahodha karibu siku zote alitoka kwao. Wa kulipwa walibadilishia nguo chumba kingine, na kwenye viwanja vingine hata lango la kuingilia mchezoni lilikuwa lao peke yao. Mpango huo hatuusifu. Turnbull alikuwa upande wa mabwana, na ni vyema tumpime kwa namna alivyowatendea wale waliotegemea mchezo kwa mkate wao.

Alikabidhiwa unahodha wa Glamorgan mwaka 1930. Timu hiyo iliingia ligi ya kaunti mwaka 1921 na mara nyingi ilikuwa mkiani. Tena mdororo wa uchumi ulikuwa umeyapiga mabonde ya makaa ya mawe ya Wales. Wachimbaji walikaa bila kazi, na asiye na kazi hanunui tiketi. Klabu ilidaiwa, na ilikuwapo hatari ya kweli ya kufa. Turnbull akabeba na kazi ya ukatibu. Wakati wa kipupwe, wakati wengine wanapumzika, yeye na rafiki yake Johnny Clay walizunguka kaunti nzima wakiandaa dansi na hafla za kuchangisha fedha. Parokia zetu zinazojenga makanisa zinaijua kazi hiyo na uchovu wake! Alisimamia pia muungano na kaunti jirani ya Monmouthshire, ambao uliongeza vijana na watazamaji. Klabu ikapona, na wale wa kulipwa wakabaki na kazi.

Wala hakuwa nahodha wa mezani. Mwaka 1932 pale Cardiff alipata mikimbio 205 dhidi ya Nottinghamshire, yenye Larwood na Voce, warushaji wa kasi ambao miezi michache baadaye waliitikisa Australia. Mwaka 1937 alifikisha 233 dhidi ya Worcestershire. Aliichezea Uingereza mechi tisa za kimataifa kati ya 1930 na 1936. Kwa wingi wa mikimbio aliyofunga nyumbani, tunaona angestahili zaidi.

Sasa raga. Januari 1933 Wales walikwenda Twickenham, uwanja ambao hawakuwahi kushinda tangu mechi ya kwanza ya kimataifa hapo mwaka 1910. Turnbull alivaa jezi ya Wales kwa mara ya kwanza, akicheza namba tisa, yule mdogo anayetoa mpira miguuni mwa majitu. Wales walishinda 7 kwa 3. Pointi zote zilikuwa za Ronnie Boon. Katika timu hiyo alikuwamo pia kijana mwingine mgeni, Wilf Wooller. Hivyo Turnbull akawa mtu wa kwanza kuichezea Uingereza kriketi na Wales raga. Hoki nayo aliichezea Wales.

Mwaka 1939 alioa, na vita vikaanza. Alijiunga na kikosi cha Welsh Guards, akafikia cheo cha meja. Tarehe 5 Agosti 1944, karibu na kijiji cha Montchamp huko Normandy, aliuawa kwa risasi akiongoza askari wake dhidi ya vifaru vya Wajerumani. Alikuwa na miaka 38, akaacha mjane na watoto watatu. Amezikwa Bayeux. Habari ilipofika Cardiff, mchezo wa kriketi ulikuwa ukiendelea Arms Park, na watazamaji walisimama kimya.

Miaka minne baadaye, 1948, Glamorgan ilitwaa ubingwa wa kaunti kwa mara ya kwanza. Nahodha alikuwa Wilf Wooller, yule wa Twickenham, aliyerudi salama kutoka utumwa wa vita mikononi mwa Wajapani. Siku ya ushindi, pale Bournemouth, mpira wa mwisho ulirushwa na Johnny Clay, akiwa na miaka 50.